Dari Niliyojisifia kwa Shangazi

Kabla ya vita, nyumba ya marehemu baba yangu mjini Jinja ilikuwa na dari mpaka nje barazani. Zilikuwa bodi nyeupe zilizopigiliwa chini ya mabati, kuanzia ukutani hadi ukingo wa paa, ili mtu aliyekaa nje asione mbao za paa wala buibui. Mhindi aliyeijenga nyumba ndiye aliyeziweka. Baba aliinunua pamoja na dari yake bila kuongeza hata msumari, na mimi nilizaliwa nikaikuta pale juu. Katika dari ile sikuwa na mchango wowote. Hata hivyo, kwa miaka mingi nilijisifia kana kwamba nimeizaa.

Aliyebeba mzigo wa kunisikiliza ni shangazi yangu.

Vita vilipofika Jinja na serikali ikaanguka, sisi Wanubi, wajukuu wa askari waliotoka Sudan zamani zile, tuliambiwa kwamba sisi ni watu wa utawala ule. Mimi sikuwahi kushika bunduki. Nilishika mkasi, maana ni fundi cherehani. Lakini magwanda niliyashona, na siku zile hilo lilitosha. Nikafunga kichwa cha cherehani ndani ya shuka, nikamchukua mke wangu na watoto, tukaenda Mbale kwa dada wa baba. Yeye aliolewa zamani na Mgisu Mwislamu mtaani Malukhu, akafiwa naye, akabaki na nyumba yake na heshima yake. Lumasaba, lugha ya Wagisu, aliisema kama waliozaliwa huko. Majirani walimpenda, na kwa ajili yake wakatuacha tukae kwa amani.

Alitupa chumba, akatupa sufuria, akanipa na sharti moja.

"Baba," aliniambia, maana nimerithi jina la baba yake, "hapa nje usiseme Kiswahili. Kiswahili chako kina buti. Ukifungua mdomo tu, watu wanasikia jeshi linapita."

Nilitii. Sokoni nilinunua nyanya kwa kidole. Wateja nikiwapima nilitikisa kichwa tu na kutabasamu, mpaka wengine wakaniona mpole sana, na mmoja akaniombea dua nipone. Lakini mtu huwezi kunyamaza kutwa nzima bila kufurika mahali, na mimi nilifurika nyumbani. Cherehani niliiweka barazani kwa shangazi, chini ya mabati matupu. Mvua ya Mbale ikishuka kutoka mlima Wanale haikupi taarifa, inakuja kama mtu anamwaga kokoto. Maji yalipita kwenye matundu ya misumari na kutua juu ya kitambaa cha mteja, yakiwa na kutu. Hapo ndipo nilipoanza.

"Sisi kwetu Jinja, shangazi, hata barazani kuna dari."

"Ehe," anasema, huku anachambua maharagwe. "Rangi gani?"

"Nyeupe."

"Juzi ulisema samawati."

"Ni nyeupe inayoelekea samawati."

"Ehe."

Kila mvua ilipopiga, dari ile iliongezeka upana. Nikaitia mapambo pembeni. Nikasema bodi zake zililetwa kwa meli. Nadhani mwaka wa mwisho nilikuwa nimefikia kusema wageni kutoka Kampala walikuwa wanakuja kuitazama. Mke wangu, aliyeijua vizuri dari hiyo na lile doa lake la popo, alikuwa anainuka na kwenda kuangalia jiko lisilokuwa na moto.

Basi nchi ikatulia. Wengine walirudi mapema, sisi tulichelewa kwa sababu mimi ni mwoga, nasema wazi. Tulipofika Jinja tulikuta kuta zipo na mabati yapo. Milango hakuna, madirisha hakuna. Dari ya barazani ilikuwa imeondoka pamoja na fito zake, na aliyeichukua alikuwa mtu wa utaratibu, kwani alichomoa hata misumari. Nilisimama pale nikatazama juu, nikaona mbao za paa zimejaa viota vya shomoro. Nilihuzunika kuliko nilivyohuzunika kwa milango, na jambo hilo mke wangu hajanisamehe.

Tulianza na milango, bila shaka. Kisha kitanda, kisha meza ya kukatia nguo. Mji nao ulikuwa unajikusanya polepole. Maduka yalifunguliwa moja moja, watu wakaacha kutia viraka na kuanza tena kushona nguo za harusi. Siku moja akatokea mchuuzi wa vitunguu kutoka Mbale, akasimama mbele ya cherehani yangu.

"Shangazi yako anakusalimu sana. Amesema Idi hii anakuja kwenu. Na amesema asikalishwe ndani. Anataka kukaa barazani, chini ya dari."

Mke wangu alikuwa anafagia. Aliweka ufagio chini, akakaa kizingitini, akacheka mpaka akajifuta machozi kwa ncha ya gurubaba yake, lile vazi la kujitanda la kina mama wa kwetu.

"Mwambie ukweli," alisema alipopata pumzi. "Mwambie imeibiwa. Nani hajaibiwa?"

Lilikuwa shauri zuri, na mtu mwenye akili angelifuata. Mimi nilikwenda kutafuta seremala.

Maseremala wa Jinja wakati ule walikuwa wafalme. Mji mzima ulikuwa hauna milango. Wa kwanza hakuinua uso. Wa pili aliniuliza kama mlango ninao, nikasema ninao, akasema basi mimi ni tajiri, niwaachie wenye shida. Nikarudi nyumbani nikijiambia kwamba kukata ni kukata na kupima ni kupima. Mtu anayeweza kukaza koti mabegani atashindwaje kukaza bodi kwenye paa, ambayo hata haipumui?

Nilipima baraza kwa tepu yangu ya kushonea, ile laini ya kitambaa. Mke wangu alishika ncha moja, mimi nyingine. Vipimo niliviweka kichwani, kwa majivuno. Bodi za dari Jinja hazikuwapo, lakini nilisikia kwamba Mbale kuna mfanyabiashara anayezipata kutoka Kenya. Kwa hiyo nikafunga safari kwenda Mbale kununua vifaa vya kumdanganya mtu anayekaa Mbale.

Siku ile mjini nilitembea kama mwizi. Kofia niliishusha mpaka kwenye nyusi. Kila nilipoona mama mwenye mwendo wa shangazi niligeukia ukuta. Mara moja nilijificha nyuma ya magunia ya kahawa kwa ajili ya bibi mmoja ambaye, alipokaribia, alikuwa mwanamume mwenye kanzu.

Mfanyabiashara alinikatia bodi kwa saizi nilizomtajia. Aliweka tepu yake ya chuma juu ya bodi ya kwanza, akaniangalia.

"Una hakika na vipimo?"

"Bwana, mimi ni mtu wa vipimo," nikamjibu. Bado naisikia sauti yangu.

Bodi zilifungwa juu ya pikapu, na mimi nikakaa juu yake ili zisipeperuke. Tulipofika Busiu tukakuta kizuizi cha barabarani. Askari mmoja akanionyesha nishuke.

"Wewe nabeba nini?"

Kwa hofu, miaka yote ile ya kunyamaza ikafumuka mara moja. "Afande, hizi ni bodi nilizozinunua kwa madhumuni ya kuweka dari barazani nyumbani kwangu Jinja."

"Wewe nasema Kiswahili kama redio. Ilikuwa jeshi ya zamani?"

Dereva wa pikapu akaanza kuangalia mahindi ya shamba la jirani kana kwamba hatujawahi kukutana.

"Hapana, afande. Mimi ni fundi cherehani."

"Fundua hii kamba."

Nilifungua. Walitazama katikati ya bodi zote kama kuna bunduki. Hawakuona kitu, na hilo ndilo lililomsumbua zaidi.

"Sasa niambie. Hii baraza iko nje?"

"Ndiyo, afande."

"Na juu yake bati iko?"

"Iko, afande."

"Mvua nazuiwa na bati. Jua nazuiwa na bati. Hii bodi nazuia nini?"

Hilo swali sikuwahi kujiuliza. "Ni kwa ajili ya shangazi yangu, afande," nikasema.

Wenzake walicheka, lakini yeye hakucheka. Alinyoosha kidole kwenye shati lake, mahali pasipo na kifungo. "Kama wewe fundi, weka hii."

Sindano yenye uzi huwa naichomeka kwenye kofia, hata leo. Niliitoa, na mikono ikatulia yenyewe, maana kazi inajua njia. Kifungo nilichomoa kwenye shati langu. Nilipomaliza alikivuta, kikashika. Akanipeleka kwa mwenzake aliyechanikiwa shati begani, kisha kwa mwingine aliyekuwa na tatizo la suruali ambalo sitalieleza. Pikapu nzima ilinisubiri. Mwishoni walinipa maji ya kunywa, wakaniita bwana, wakachukua bodi moja ya kuchezea drafti. Nilifunga kamba nikapanda juu. Kutoka Busiu mpaka Tororo nilikuwa nacheka na kutetemeka pamoja, na sikujua kipi kilikuwa kipi.

Nyumbani nilipigilia kwanza fito za mbao chini ya paa, zile ambazo bodi hushikiliwa nazo. Ngazi hatukuwa nayo. Nilipanda juu ya meza ya kukatia nguo, na juu ya meza nikaweka kigoda. Fito zilikubali baada ya mabishano. Kisha nikanyanyua bodi ya kwanza, nikaisukuma kwa kichwa mpaka juu, nikaigusisha ukingo wa paa. Upande wa ukutani ulibaki wazi, upana wa vidole viwili. Nikaigusisha ukutani, ikawa wazi upande wa ukingo. Nikaishusha, nikanyanyua nyingine. Hivyo hivyo. Nikazijaribu zote, kana kwamba iko moja itakayonihurumia.

Ndipo nilipoelewa. Tepu yangu ilikuwa imevutika. Miaka ya kuzungushwa kwenye viuno vya watu ilikuwa imeirefusha, na mimi sikujua, kwa sababu mteja na kitambaa vyote viwili nilikuwa navipima kwa tepu hiyo hiyo, kwa hiyo nguo zikatoka sawa. Mbale walikata kwa tepu ya chuma, na chuma hakina huruma ya namna hiyo.

Nilikaa juu ya meza, miguu ikining'inia. Mke wangu alikuja na chai, akatazama juu, akatazama bodi, akanitazama.

"Wewe suruali ya mtu ikitoka fupi unafanyaje?"

"Naongeza pindo."

"Basi?"

Akarudi ndani. Mimi nikakata vipande vyembamba vya mbao kutoka kwenye kitanda kilichovunjika, nikavipigilia ukutani mwote kuziba ule mwanya, kama lesi kwenye ukingo wa shuka. Ikapendeza. Wapita njia walisimama wakauliza huo ni mtindo gani. Nikawaambia ni wa Kenya.

Kupigilia kwenyewe ni kazi ambayo siwezi kuitania vya kutosha. Bodi unaishikilia kwa kichwa, nyundo iko mkono wa kulia, msumari uko wa kushoto, na vumbi lote la paa linakuingia machoni. Mke wangu alisaidia kwa chini, akiisukuma bodi kwa mpini wa ufagio na kunipa maelekezo ambayo sikuyaomba. Misumari niliiweka mdomoni kama ninavyoweka pini, na kila aliponiuliza kitu nilimjibu kwa pua. Kwa kuwa sikuamini kwamba msumari mmoja unaweza kushika kitu, niliweka misumari kama mishono, karibukaribu, bodi nzima.

Nilikuwa nimefika bodi ya mwisho niliyokuwa nayo. Kona ya pembeni ingebaki wazi, mahali pa ile bodi iliyobaki Busiu kwa drafti. Nilikuwa nimevaa kanzu yangu ya zamani yenye mikono mipana. Nikapiga msumari, nikapiga wa pili, nikataka kushusha mkono ukakataa. Nikavuta, haukuja. Nilikuwa nimepigilia mkono wa kanzu katikati ya bodi na fito, kwa misumari miwili mizuri, labda ndiyo iliyonyooka kuliko yote siku ile. Nyundo ikaniponyoka. Mke wangu alikuwa ameingia ndani kuepua sufuria.

Nikiwa hivyo, mkono mmoja juu kama mtoto anayeomba ruhusa shuleni, nikasikia mtu anapiga hodi nyuma yangu.

Idi ilikuwa bado. Lakini shangazi ni mtu anayefika anapotaka. Alisimama uani na kikapu chake kichwani na kuku mkononi, akanitazama kuanzia kwenye kigoda, akapanda taratibu mpaka kwenye msumari.

"Asalaam aleikum," akasema.

"Waaleikum salaam, shangazi. Karibu."

"Nimekaribia. Ndiyo yenyewe?"

"Ndiyo."

"Ehe." Akazunguka kidogo. "Na wewe ni mojawapo ya yale mapambo ya pembeni?"

Nilitaka kumwambia habari za wizi na vita na tepu, lakini mtu aliyepigiliwa hawezi kujieleza kwa heshima. Mke wangu alitoka, akapiga kelele ya furaha, akamkumbatia shangazi, wakaulizana habari za nyumbani, za Malukhu, za watoto, za safari, za kuku. Mimi nilisubiri. Hatimaye ukaletwa mkasi wangu mwenyewe, na mke wangu akaukata mkono wa kanzu kwenye kiwiko, bila kufuata mshono.

Shangazi alikataa kukaa ndani, kama alivyokuwa ameagiza. Tulimtandikia mkeka barazani. Nilijitahidi akae katikati, akiupa mgongo upande wa kona ile wazi. Aligeuza mto, akakaa akiitazama kona yenyewe. Shomoro mmoja akatoka humo, akamwangalia, akarudi.

"Ile iliibiwa," nikasema kwa sauti ndogo. "Yote. Hii nimeiweka juzi. Na jana. Na leo."

"Najua. Kabla sijamtuma kwenu, mchuuzi wa vitunguu alikwisha niambia baraza lenu liko uchi. Na huko Mbale ulionekana, umejibandika kwenye magunia ya kahawa. Watu walikuja kuniuliza kama una deni na mimi."

Sikuwa na pa kuweka uso. "Sasa kwa nini ulisema unataka kukaa chini ya dari?"

Akakunja miguu vizuri. Sauti yake ilipokuja haikuwa ya utani.

"Miaka ile, baba, nilikuwa nasikiliza mvua. Ikianza kupiga, nangoja useme 'sisi kwetu Jinja.' Ukisema, nalala. Kuna mwezi hukusema kabisa. Mvua inapiga, wewe kimya, unashona tu. Mwezi ule sikupata usingizi. Nilijiambia huyu mtoto wa kaka yangu ameacha kutaka kurudi kwao. Na mtu asiyetaka kurudi kwao hakai hai sana." Akatazama juu. "Nilitaka kuona kama bado unasema uongo. Nimefurahi. Unao mwingi."

Mke wangu aligeuka upande akashughulika na kuku. Mimi nilisema kuna vumbi machoni, na kweli lilikuwapo, lilikuwapo tangu asubuhi.

Idi ilipofika tulikula barazani. Wageni walikuja wengi, kwa sababu habari za mtu aliyejipigilia darini zilikuwa zimeuzunguka mji. Bodi za katikati zilikuwa zimeanza kulegea kidogo, zikatokeza kama tumbo la mtu aliyefuturu vizuri. Kila mgeni aliikalia pembe yake, jicho moja kwenye sinia la pilau na jingine juu. Katikati hakuna aliyetaka kukaa isipokuwa shangazi. Alikaa hapo, akala, akaomba mto, akalala na mdomo wazi. Mimi sikula. Nilikaa karibu naye na mpini wa ufagio, nikisubiri bodi yoyote ijaribu.

Hakuna iliyojaribu. Dari ile iliendelea kubaki pale, na tumbo lake na lesi yake, mpaka watoto wakakua na mabati yenyewe yakahitaji kubadilishwa. Seremala aliyekuja kuibandua alitumia mtaimbo, akatumia matusi, na jioni bado alikuwa hajafika nusu. Akashuka kwenye ngazi, akajifuta jasho, akaniuliza ni nani huyo aliyepigilia misumari namna hii, kana kwamba anaogopa nyumba itaruka.

Nikamwambia ni fundi mmoja wa zamani, amekwisha acha kazi.